Mita 402 za Nani?

Kila Jumapili asubuhi wazee wa mtaa wetu, Kibokoni, hukaa barazani na kahawa yao, wakahukumu. "Vijana wa siku hizi wahuni. Jana usiku mliwasikia kule Lighthouse? Kama mabomu!" Mimi hunyamaza. Mtu aliyeacha chuo kikuu mwaka wa pili hana sauti barazani. Basi wacha niseme hapa.

Mtoto wa ami yangu alikuwa mmoja wa hao wahuni. Mchezo wenyewe ni mwepesi kuueleza: magari mawili husimama sambamba, mtu akashusha mkono, na anayefika mwisho wa barabara kwanza ndiye mshindi. Hauna kona. Kwa kipimo cha dunia ni mita 402, yaani robo maili. Usiku mmoja alimgonga dereva wa tuktuk aliyekuwa akirudi kwake kulala. Mguu wa yule bwana ukavunjika mara mbili. Simtetei ndugu yangu. Alikosa, na alijua amekosa hata kabla gari halijasimama.

Ami alikubali kulipa matibabu. Akaenda kukopa kwa dhamana ya nyumba yake ya Majengo, ile aliyoijenga babake. Akaambiwa alete hati ya ardhi. Hana. "Mwanangu," aliniambia, "nyumba ni yangu, mchanga si wangu." Miaka yote hiyo amekuwa akilipa kodi ya kiwanja kwa mwenye ardhi ambaye hajapata kumwona kwa macho. Ikabidi tuchange, huyu elfu mbili, yule elfu tano, hadi yule bwana akatoka hospitali.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikisoma habari za viwanja vya mbio, na kila nilipofika nilikuta ardhi. Kule Colorado, Marekani, fundi mmoja aliyeitwa John Bandimere aliona vijana wanashindana barabarani. Yeye na familia yake walikuwa na kipande cha ardhi kando ya mlima, karibu na mji wa Morrison. Wakatengeneza njia iliyonyooka, na mwaka 1958 mbio zikaanza. Kiwanja kilikaa mikononi mwa familia hiyo, baba hadi mwana hadi wajukuu, hadi mwaka 2023 walipokifunga. Hata kufunga walijifungia wenyewe. Hakuna aliyewaamkia na tingatinga.

Utasema huko ni Marekani. Haya, turudi Kenya. Safari Rally ilianza mwaka 1953, na miaka ya 1970 magari hayo yaliwahi kushuka hadi hapa Mombasa. Iliporudi kwenye mashindano ya dunia mwaka 2021, ilikwenda Naivasha. Zile picha za magari yakitimua vumbi mbele ya pundamilia, nyingine zilipigwa Soysambu. Soysambu ni ardhi ya nani? Ya ukoo wa Delamere, tangu enzi za mkoloni. Kwa hiyo hata hapa kwetu, mbio hukimbizwa kwenye shamba la familia. Ila familia yenyewe si yako wala si yangu. Pale kijana akikanyaga mafuta, rais huja kupunga bendera. Kijana wa Majengo akikanyaga mafuta, hujiwa na askari.

Nani alituacha bila mchanga? Mwaka 1908 serikali ya Mwingereza ilitunga sheria ya hati za ardhi kwa Pwani. Kila mwenye kudai ardhi alitakiwa apeleke madai na ushahidi. Waliojua ofisi na karatasi walipeleka. Wasiojua, na waliokuwa wakilima ardhi ya pamoja bila karatasi yoyote, walishtukia ardhi yao imeandikwa ya Mfalme wa Uingereza, au ya jirani mwenye wino. Wengi wa wajukuu wao ndio wapangaji wa leo: nyumba zao, ardhi ya wengine. Familia kama hiyo itajenga kiwanja cha nini, na wapi?

Najua jibu la barazani: "Shule zetu hazina viwanja vya mpira, wewe walilia magari?" Kweli kabisa. Lakini ugonjwa ni huohuo mmoja. Tena tusidanganyane kwamba kisiwa hiki hakina nafasi ya michezo. Pale pale Lighthouse, kando ya bahari, kuna uwanja wa gofu wenye mashimo 9, nao uko pale tangu enzi za ukoloni. Sina ugomvi na gofu. Nasema tu kwamba watu wachache wanaopenda mchezo wao walipewa mahali pa kuucheza, na hakuna mzee anayewaita wahuni.

Siombi kisiwani. Hapa hata tuktuk mbili zikikutana Ndia Kuu lazima moja irudi nyuma. Naomba upande wa bara, kwenye ardhi ya umma, kabla nayo haijagawanywa na wakubwa: njia moja iliyonyooka, mita 402 na nyingine zaidi ya hizo za kufungia breki, ukuta pande zote mbili, ambulensi, na kofia ngumu kwa kila dereva. Jumamosi mchana, watu walipe kiingilio, mama auze viazi karai. Kaunti isiseme ni ghali. Aliye na hesabu ya ghali ni yule dereva wa tuktuk, ambaye hadi leo anapanda ngazi kwa kuegemea ukuta.

Ndugu yangu ameuza lile gari. Wenzake bado wanatoka usiku. Jumapili hii wazee watawahukumu tena, na safari hii nitakaa nao, niulize: mnataka wakimbie wapi?