Slovakia: Radičová aliangushwa bungeni, lakini sheria yake ya mikataba imebaki

Iveta Radičová aliongoza serikali ya Slovakia kwa muda usiofika miaka miwili, toka mwezi wa saba 2010 hadi mwezi wa nne 2012. Ndiye mwanamke wa kwanza kuwa waziri mkuu katika inchi hiyo ya Ulaya ya kati yenye watu zaidi kidogo ya milioni tano. Mara nyingi anakumbukwa kwa namna alivyoanguka. Lakini kazi yake kubwa ilikuwa sheria moja ya mikataba, ambayo wapinzani wake waliporudi madarakani hawakuifuta.

Radičová, aliyezaliwa Bratislava mwaka 1956, ni mwalimu wa chuo kikuu katika elimu ya jamii. Aliingia siasa wakati utawala wa kikomunisti ulipoanguka mwaka 1989, akawa msemaji wa vuguvugu lililodai demokrasia katika Chekoslovakia ya wakati ule. Kisha alirudi kwenye utafiti kuhusu umaskini na familia. Mwezi wa kumi 2005 aliitwa kuongoza wizara ya kazi na mambo ya jamii, lakini serikali hiyo iliondoka katikati ya 2006.

Mwaka 2009 aligombea uraisi na kupata zaidi ya asilimia 44 katika duru ya pili, akishindwa na Ivan Gašparovič. Wiki chache baadaye alibonyeza kitufe cha kura cha mbunge mwenzake ambaye hakuwa ukumbini. Hilo lilikatazwa, naye akajiuzulu ubunge. Wengi walishangaa, kwa sababu viongozi wa inchi hiyo hawakuzoea kuacha kiti kwa kosa la namna hiyo.

Muungano wa vyama vinne

Katika uchaguzi wa mwezi wa sita 2010, chama cha Smer cha Robert Fico kilikuwa cha kwanza kwa viti 62 kati ya 150, lakini kilikosa washirika. Vyama vinne vya upinzani vilijumlisha viti 79 na Radičová akawa waziri mkuu. Wingi huo ulikuwa mwembamba: wabunge wanne tu wakikataa, serikali inakosa kura 76 zinazohitajika. Isitoshe, Radičová hakuwa mwenyekiti wa chama chake. Kiti hicho kilibaki kwa Mikuláš Dzurinda, waziri mkuu wa zamani, ambaye sasa alikuwa waziri wake wa mambo ya inje.

Hata hivyo, ndani ya miezi michache serikali yake ilipitisha sheria iliyoanza kazi tarehe 1 mwezi wa kwanza 2011. Kila mkataba wa serikali na wa taasisi za umma ulipaswa kuwekwa kwenye intaneti ili kila raia ausome. Mkataba usiotangazwa hauna nguvu, na miezi mitatu ikipita bila kutangazwa unahesabiwa kwamba haukufanyika. Sheria hiyo ilikuwa na sababu yake. Mwaka 2007, wakati wa serikali iliyotangulia, wizara moja ilitangaza zabuni ya karibu euro milioni 120 kwa karatasi iliyobandikwa kwenye ubao ndani ya jengo la wizara, mahali ambapo watu wa inje hawakuweza kuisoma.

Kura ya 2011

Deni la Ugiriki ndilo lililovunja muungano. Mwaka 2010 Slovakia ilikataa kuchangia mkopo wa kwanza wa Ugiriki, uliowadai karibu euro milioni 800. Hoja ilikuwa nyepesi kueleweka: kwa nini Waslovakia wenye mishahara midogo walipie inchi yenye mishahara mikubwa kuliko yao? Mwaka uliofuata, inchi zote 17 zinazotumia euro zilitakiwa kukubali kupanua mfuko wa kuokoa sarafu hiyo. Inchi 16 zilikubali. Ilibaki Slovakia, ambayo dhamana yake ingepanda toka euro bilioni 4.4 hadi bilioni 7.7.

Chama cha SaS cha Richard Sulík, mshirika wake katika serikali, kilikataa. Radičová aliona kwamba inchi ndogo haiwezi kuzuia Ulaya nzima, akaunganisha kura hiyo na kura ya imani kwa serikali yake. Tarehe 11 mwezi wa kumi 2011 alipata kura 55 tu. Siku mbili baadaye mfuko huohuo ulipita kwa kura 114, kwa msaada wa Smer. Bei ya msaada huo ilikuwa uchaguzi wa mapema. Fico hakuwa na tatizo na mfuko wenyewe. Alichotaka ni serikali iondoke.

Mwezi uliofuata, Radičová alimfukuza waziri wa ulinzi baada ya kashfa ya kusikiliza simu za waandishi wa habari, akaishika wizara hiyo mwenyewe. Hakugombea tena. Katika uchaguzi wa mwezi wa tatu 2012 Smer ilipata viti 83, na chama chake yeye kikaanguka hadi asilimia 6, kikiandamwa na madai ya rushwa ya miaka ya 2005 na 2006. Alirudi chuo kikuu.

Hesabu yake ina pande mbili. Alijaribu kuwatisha washirika kwa kura ya imani, nao hawakutishika; kiongozi asiyeshika chama chake hana silaha nyingi. Upande wa pili, mikataba iliendelea kutangazwa chini ya Fico, na waandishi wa habari wanaichambua hadi leo. Rushwa haikuisha: mwaka 2018 mwandishi Ján Kuciak, aliyefuatilia biashara za watu wenye ukaribu na siasa, aliuawa pamoja na mchumba wake. Mkataba kwenye intaneti haumkamati mwizi. Unampa raia pa kuanzia kuuliza.

Mwaka 2019 Zuzana Čaputová, mwanasheria aliyepambana na rushwa, alichaguliwa raisi kwa zaidi ya asilimia 58. Alikuwa mwanamke wa kwanza kushika kiti hicho, ambacho Radičová alikikosa miaka kumi kabla.