Kuazima na Kuunda: Neno juu ya Picha za Mapenzi Visiwani

Yapo maneno yanayorudiwa kila panapozungumzwa utamaduni wa Taifa, nayo ni haya: kwamba vijana wetu wamepotea kwa sababu ya picha za senema za kigeni, hasa zile za mapenzi zitokazo Bara Hindi; kwamba visa vyake havituhusu na nyimbo zake hazitufai; na kwamba kijana wa Unguja atengenezaye picha ya Kiswahili kwa kufuata kisa cha Kihindi anauza asili yake. Wasemao hayo hawakosi methali. Hutukumbusha kuwa mwacha asili ni mtumwa, na kuwa tusiache mbachao kwa msala upitao. Methali zote mbili ni za kweli. Lakini methali ni kama dawa: humfaa mgonjwa aliyekusudiwa, na sisi tunadai kwamba safari hii dawa amenyweshwa asiyeumwa.

Hatukatai kuwa maradhi yapo. Tunakataa jina yaliyopewa. Kuazima kisa hakujamdhuru mtu yeyote katika pwani hii tangu jahazi la kwanza lilipotia nanga. Kinachotudhuru ni kuazima kwa uvivu: kuchukua mavazi ya kisa, machozi yake na nyimbo zake, na kuliacha nyuma jeraha lililokifanya kisa hicho kisimuliwe. Hoja yetu yote ni hiyo, na tutaieleza.

Yafaa kwanza tujihukumu wenyewe. Sisi tuliokuwa watoto wa Mji Mkongwe na Ng'ambo katika miaka ya 1970 na 1980 tulilelewa na majumba matatu ya senema: Majestic ya Vuga, Empire ya Darajani, na Cine Afrique, ambayo kabla ya Mapinduzi ya 1964 ilijulikana kwa jina la Sultana. Leo hakuna hata moja kati ya hayo lenye maonyesho ya kila usiku kama zamani. Lakini waulizeni wazee wetu, wanaume kwa wanawake, waliokuwa vijana katika miaka ya 1950. Watawatajia Awara, picha ya mwaka 1951 aliyoitengeneza Raj Kapoor, naye mwenyewe akacheza pamoja na Nargis. Wengi wao hawakujua neno la Kihindi ila walilolisikia dukani. Je, walipenda nini?

Kisa cha Awara ni cha hakimu aaminiye kwamba mtoto wa mwizi lazima awe mwizi, na mtoto wa mtu mwema lazima awe mwema. Kwa imani hiyo anamfukuza mkewe mjamzito. Mwanawe mwenyewe anakulia katika mitaa ya mafukara na kuwa mwizi, kisha anampenda msichana aliyesomea sheria, ambaye mwishowe anasimama mahakamani kumtetea. Basi fikirini kisa hicho kinaonyeshwa Unguja ya wakati ule, mji ambao mtu aliulizwa nasaba yake kabla ya kuulizwa jina, na ambao mahali pa kuzaliwa, upande huu wa Darajani au ule, palikwisha kumhukumu mtu kabla hajafungua kinywa. Swali la Awara halikuwa la Bombay peke yake. Lilikuwa swali letu, na wazee wetu walilitambua ingawa lilivaa nguo za wengine. Kumwambia mzee wa namna hiyo kuwa alipotoshwa ni kumkosea adabu.

Nasi watunzi wa mashairi tusijitie usafi. Tangu zamani taarabu imekuwa ikitia maneno ya Kiswahili katika mahadhi ya nyimbo za picha za Kihindi, na marehemu Juma Bhalo wa Mombasa, aliyefariki mwaka 2014, alijipatia sifa pwani nzima kwa ufundi huo. Sisi pia tuliketi na kaseti, tukihesabu mizani kwa vidole ili maneno yetu yaenee katika sauti ya mwimbaji wa Bombay. Na tukiri: mara nyingine tuliandika upuuzi. Kwa kuwa picha ilipigwa Kashmir, tulimsifu mpenzi kwa theluji ya mlimani, sisi ambao baridi kali tuijuayo ni ya upepo wa kusi alfajiri. Watu waliucheza wimbo harusini, na baada ya mwezi mmoja hakuna aliyeukumbuka. Kosa halikuwa katika mahadhi. Mahadhi yalikuwa mazuri. Kosa lilikuwa letu, tulioazima sauti tukaazima na theluji yake.

Sasa watazameni waliotutangulia, walioazima kwa akili. Taarabu yenyewe ilikuwa ikiimbwa kwa Kiarabu barazani kwa masultani. Siti binti Saad, mtoto wa Fumba aliyekuwa akiuza vyungu, aliichukua akaitia Kiswahili, na mwaka 1928 alisafiri hadi Bombay kurekodi sahani za santuri. Alitia nini ndani yake? Alitia mambo ya Ng'ambo. Katika wimbo wa Kijiti aliimba kisa cha mwanamke mgeni aliyeuawa na haki ikapotea mahakamani. Ala zilikuwa za kuazima. Kilio kilikuwa cha hapa.

Muhammed Said Abdulla naye alipotuletea Mzimu wa Watu wa Kale, kitabu kilichochapishwa mwaka 1960, kila aliyemsoma Arthur Conan Doyle aliona kwamba Bwana Msa na kiko chake ni jamaa wa karibu wa Sherlock Holmes. Lakini London haimo kitabuni. Mna mashamba, mna urithi, mna hofu ya mizimu, na mna mtu wa hapa anayewafundisha wenziwe kupima mambo kwa akili. Hivyo mojawapo ya riwaya za mwanzo za fasihi yetu ya visiwani ilianzia katika kitu cha kuazima, na hakuna mwalimu anayeona haya kuifundisha.

Na wale wapendao kutukemea kwa jina la Taifa wakumbuke kwamba Mwalimu Nyerere, aliyeunda wizara ya utamaduni wa Taifa mwaka 1962, ndiye huyo huyo aliyemtafsiri Shakespeare. Mchezo ambao kwa Kiingereza jina lake humtaja mfanyabiashara mmoja tu, yeye mwaka 1969 aliuita Mabepari wa Venisi. Kwa neno moja mchezo wa Italia ya kale ukaanza kusema na nchi iliyokuwa imetangaza Azimio la Arusha miaka 2 kabla. Huko ndiko kuunda tunakokusudia.

Tuvuke bahari kidogo, maana hata huko kwenye asili ya msala watu wanaazimana. Wengi wetu twasema "picha ya Kihindi" kana kwamba Bara Hindi lina lugha moja na senema moja. Sivyo. Kila jimbo kubwa lina lugha yake na senema yake, na visa huhama baina yao kama wachuuzi. Mwaka 2016 Nagraj Manjule alitoa picha ya Kimarathi iitwayo Sairat. Kijana wa familia ya wavuvi, wa tabaka la chini kwa kuzaliwa, anapendana na binti wa mwenye ardhi mkubwa. Wanatoroka, wanahangaika ugenini, wanafanya kazi, wanapata mtoto. Watazamaji wanapodhani kuwa yamekwisha, ndugu wa msichana wanafika na zawadi mikononi na kuwaua wote wawili. Mtoto mdogo anabaki, anatoka nje akiacha nyayo za damu sakafuni.

Picha hiyo ilipata mapato ambayo hakuna picha ya Kimarathi iliyokuwa imeyafikia. Mara majimbo mengine yakaitaka. Mwaka 2017 ilitengenezwa upya kwa Kikannada, kwa Kipunjabi, na kwa lugha ya Ki-Odia, ambako iliitwa Laila O Laila. Mwaka 2018 ikatoka kwa Kibengali, na kwa Kihindi kwa jina la Dhadak. Oneni ajabu ya jina hilo la Ki-Odia: Laila ni mpenzi wa Majnuni, kisa cha jangwa la Waarabu, kilichotungwa upya kwa Kiajemi na Nizami katika karne ya 12, kikaenea Bara Hindi, na sasa jina lake limewekwa juu ya kisa kilichotoka kwa Wamarathi. Nani athubutuye kusema jina hilo ni mali ya nani?

Lakini funzo kubwa limo katika ile Dhadak. Ilikuwa na fedha nyingi, nyuso za familia mashuhuri na majumba ya kupendeza ya Udaipur. Hata hivyo wahakiki wengi wa huko huko waliilaumu, wakisema kuwa suala la tabaka, ambalo ndilo lililowaua wapenzi wale, lilififizwa likawa kama ugomvi wa kawaida wa familia mbili. Nyimbo zilibaki, na damu ya mwisho ilikuwapo, lakini sababu ya damu hiyo ilikuwa imefunikwa. Basi kisa kinaweza kuhama kutoka jimbo moja hadi jimbo jirani, ndani ya nchi moja, kikafika bila roho. Umbali wa bahari si hoja. Hoja ni kama aliyekipokea alithubutu kuliuliza jeraha.

Kwa kipimo hicho, na tuzipime picha nyingi za mapenzi zinazotolewa kwa Kiswahili kwa kufuata za wengine. Tunaona kijana maskini na binti tajiri, lakini hatuoni utajiri ule umetoka wapi wala umaskini ule unafanya kazi gani. Tunaona jumba, gari na machozi. Hatuoni bandari, wala shamba la karafuu, wala mwanamke wa Paje aliyeinama baharini akilima mwani. Baba anakataa kuozesha kwa sababu katika picha ya Kihindi baba alikataa. Muulizeni mtunzi: baba huyu wa Unguja anakataa kwa nini? Hapo hunyamaza.

Nasi tunaijua sababu ya kunyamaza kwake. Jibu la kweli linauma. Sisi twapenda kujisifu kuwa hatuna matabaka ya kuzaliwa kama hayo ya Bara Hindi. Lakini ni mzee gani kati yetu ambaye, kijana anapoleta posa, hakuuliza kwanza: ni mtoto wa nani, na kwao ni wapi? Ni mara ngapi posa imerudishwa kwa adabu nyingi, kahawa ikanyweka, na sababu iliyotajwa hadharani isiwe ile iliyosemwa chumbani? Kuna maneno juu ya asili ya watu ambayo bado tunayanong'ona, na kuna ndoa za zamani katika visiwa hivi, za hiari na zisizo za hiari, ambazo wahusika wake hawajapata kusimuliwa. Tunayakimbilia mapenzi ya Bombay kwa sababu mapenzi ya Kikwajuni na Shangani yanatutia hofu. Huo ndio utumwa. Haukuletwa na picha ya mtu yeyote.

Kwamba yawezekana kufanya vingine, ushahidi upo. Adam Shafi alichapisha Vuta N'kuvute mwaka 1999, riwaya ambayo wanafunzi wengi wameisoma skuli. Yasmin, binti wa Kihindi wa Unguja aliyeozwa mzee asiyempenda, anakimbia. Anapokewa Ng'ambo na Mwajuma. Anampenda Denge, kijana anayepigana na serikali ya mkoloni. Mwaka 2021 Amil Shivji aliifanya senema. Hapo mna kila kitu tulichokipenda Majestic: msichana, baba mkali, mapenzi yaliyokatazwa, nyimbo. Lakini baba wa Yasmin ana sababu, na sababu hiyo ina anwani katika Mji Mkongwe.

Watatuambia: ikiwa mnaweza hayo, kwa nini msitunge vyenu tangu mwanzo mkaacha kuazima? Tunajibu kuwa hakuna mwanzo wa namna hiyo. Kanga zetu zilichapwa Uholanzi, Uingereza, Japani na Bara Hindi. Kilichozifanya kuwa kanga ni jina lililoandikwa juu yake na bibi aliyejua amvalie nani. Wengine watasema kuwa picha za mapenzi zinaharibu adabu. Tunajibu kwamba kijana asiyeruhusiwa kuona mapenzi yakipimwa kwa haki na wajibu atajifunza mapenzi hayo hayo mahali ambapo hapana haki wala wajibu.

Basi ndugu walimu, msiwakataze wanafunzi wenu kisa cha kigeni. Wapeni, kisha waulizeni mambo matatu: katika kisa hiki nani anaumia? Anaumizwa na nini? Hapa kwetu kitu hicho kinaitwaje? Mwanafunzi akilijibu swali la tatu kwa ukweli, mpeni kalamu aandike upya. Hatakuwa ameiga tena.

Nanyi wanafunzi, msione haya kuwa mlilia kwa ajili ya watu wa mbali. Hata sisi tulilia, katika kiza cha Empire na Cine Afrique, tukatoka tumefuta macho ili wenzetu wasituone. Haya ituingie kwa jambo jingine: kwamba tulirudi nyumbani tukamkuta dada yetu analia chumbani kwa sababu ile ile, na hatukumwandikia hata ubeti mmoja.