Hanga na Othman Shariff Hawajapata Kadhi

Muungwana aliyeandika gazetini kwamba kesi ya uhaini ya Unguja, iliyosikilizwa 1973 hadi 1974 kwa sababu ya kuuawa Mzee Karume, Rais wa Zanzibar, pale Kisiwandui tarehe 7 Aprili 1972, imekwisha kukata shauri la damu zote za zama zile, amechanganya mambo mawili yasiyochanganyika. Abdulla Kassim Hanga, aliyekuwa Waziri Mkuu wa Zanzibar Januari 1964, na Othman Shariff, aliyepata kuwa balozi Marekani, walirejeshwa Unguja kutoka Tanzania Bara mwaka 1969, wakatoweka, wala haikuketi mahakama ya wazi kuwauliza waliowapokea wamewapeleka wapi. Na mahakama hiyo anayoisifu, ambamo washitakiwa walinyimwa mawakili, na ambamo Abdulrahman Babu, aliyekuwa waziri, alihukumiwa kifo hali yuko kizuizini Bara, kwa kuwa Rais Nyerere, aliyewatoa akina Hanga, safari hii alikataa kumtoa (na kukataa huko kwenyewe ni ushahidi dhidi ya mahakama hiyo), itakuwaje mizani ya insafu? Mzee Karume alistahiki haki, bila shaka yoyote. Na hao wawili pia waliistahiki. Nawasihi wenye mamlaka, kabla wajuao hawajafariki wote, wawaambie jamaa za Hanga na Othman makaburi yako wapi.