Kinga ya Mkanda Ije na Mashine

Msimu wa mpunga ukifika, vinu vya kukoboa vya Kahama, vya Nyasubi vikiwemo, hunguruma mpaka usiku. Kwenye mashine nyingi za aina hii mkanda unaotoka kwenye mota kwenda kwenye puli uko wazi, na kibarua hupita ubavuni mwake na gunia begani. Mpunga ukikwama, huuzibua kwa mkono mashine ikizunguka, maana kuzima ni kuchelewesha foleni.

Akikatika vidole, la kwanza kusemwa ni kwamba hakuwa makini. Kauli hiyo inaniudhi. Mota ya kawaida kwenye umeme wetu huzunguka kama mara 1,440 kwa dakika, yaani 24 kwa sekunde. Pindo la kitenge likinaswa pale mkanda unapoingia kwenye puli, mtu keshavutwa kabla hajang'amua. Umakini haushindani na kasi hiyo. Wavu wa chuma huzuia pindo lisifike hapo.

Sheria tunayo. Sheria ya Usalama na Afya Mahali pa Kazi ya 2003 inataka sehemu hatari za mashine zizingirwe, na wakala wa serikali, OSHA, ndio wakaguzi. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi nao upo, ila fidia huja mkono ukishaondoka, na kibarua asiyeandikwa popote hupata taabu hata kuthibitisha kwamba alikuwa kazini.

Mkaguzi mara nyingi hufika mashine ikiwa imeshafungwa na inaingiza pesa. Ndiyo maana naona tuanzie kwa muuzaji. Mkataba Na. 119 wa Shirika la Kazi Duniani, wa 1963, unakataza hata kuuza au kukodisha mashine ambayo sehemu zake hatari ziko wazi. Huku kwetu, fremu za vinu na makarasha ya mawe ya dhahabu mara nyingi huchomelewa na mafundi wa hapa hapa. Fundi anayeunda fremu anaweza kuunda na kinga siku hiyo hiyo. Halmashauri nayo iikague kabla ya kutoa leseni.

Wenye mashine hulalamika kwamba kinga inasumbua wakati wa kukaza mkanda. Ni kweli, kama imefungwa kwa bolti nane. Iwekewe bawaba, ifunguke mota ikishazimwa. Na swichi ya kuzimia iwe karibu na anayelisha mashine, si ukutani nyuma ya meza ya mwenye mali.