Betri Mbovu Ziondolewe Penye Watoto

KATIKA mitaa kama Bulla Pesa, mjini Isiolo, betri ya gari au ya sola ikifa haitupwi. Huwekwa uani ikingoja mnunuzi wa vyuma vikuukuu. Watu huiona kuwa mali. Yafaa tuione kuwa sumu, kwani ndani yake mna madini ya risasi.

Yaliyotokea Owino Uhuru, Mombasa, ni funzo la kutosha. Kiwanda cha kuyeyusha betri kilianza kazi kando ya mtaa huo mwaka wa 2007, kikafungwa 2014. Mwaka wa 2020 mahakama iliamua wakazi walipwe Sh1.3 bilioni. Uamuzi huo ulitenguliwa katika rufaa, kisha Mahakama ya Juu ikaurejesha Desemba 2024. Hata hivyo, hakuna fidia inayorudisha akili ya mtoto ikisha kudhurika.

Huenda msomaji akauliza: mbona fundi anayeshika betri kila siku aonekane mzima, na mtoto aliyechezea mchanga tu ndiye aumie? Jibu ni kwamba miili haifanani. Mtoto mdogo hutia vidole mdomoni, na utumbo wake hufyonza risasi mara nne au tano kuliko wa mtu mzima, huku ubongo wake ukiwa bado unajengeka. Fundi naye asijidanganye. Risasi hujificha mifupani kwa miaka mingi. Kwa mama, hutoka humo wakati wa mimba ikamfikia mtoto tumboni.

Chakula nacho kina neno. Mtoto aliyepungukiwa na madini ya chuma na kalsiamu hufyonza risasi zaidi. Hapa kwetu kalsiamu hutoka kwenye maziwa, na ukame wa 2020 hadi 2023 ulipoua mifugo, wengi walibaki na chai ya rangi. Hivyo sumu ile ile humwumiza zaidi mtoto wa mwaka wa njaa.

Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango cha risasi kinachojulikana kuwa salama. Kwa hivyo serikali ya kaunti itenge mahali pa kukusanyia betri mbali na makazi, na ikataze kuzipasua uani. Wazazi nao wasingoje amri. Waziondoe penye watoto na kuwanawisha mikono kabla ya kula. Fundi naye abadili nguo kabla ya kumbeba mwanawe.

Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta wa akili ya mtoto haujengwi mara mbili.