Tulia Kwanza, Ndipo Ujibu



Mwezi huu tungependa kuzungumza nanyi juu ya jambo lililotupata sisi wenyewe katika kikundi chetu cha akina mama cha kuweka na kukopa. Tuko 28, na kama vikundi vingi siku hizi, tunapashana habari kwa WhatsApp.

Jioni moja mwenzetu alimwuliza mweka hazina mbele ya wote: "Mama, mchango wangu uko wapi? Mbona sioni jina langu?" Swali lenyewe halikuwa baya. Lakini kabla mweka hazina hajamaliza kuwalisha watoto, majibu yalikuwa yamefika 40. Mmoja alisema fedha zimeliwa. Mwingine alicheka. Nasi, twakiri kwa aibu, tuliongeza neno letu. Usiku ule mama yule alijitoa kimya kimya.

Asubuhi ilionekana kwamba mlalamikaji alikosea tarakimu moja ya namba ya simu, na fedha zikaenda kwa mtu mwingine. Tulikwenda watatu kuomba radhi. Mama alitukaribisha chai, akatuonyesha daftari lake safi, kisha akasema, "Mngenipigia simu tu."

Tumejifunza nini?

Kwanza, tulia. Maandishi hayana uso wala sauti. Neno la kawaida husomeka kama tusi. Ukikasirika, weka simu chini, maliza kupika, ndipo ujibu. Tangu mwaka 2017 inawezekana kuufuta ujumbe ulioutuma, lakini moyo wa aliyekwisha kuusoma haufutiki. Hasira ni hasara.

Pili, jambo la mtu mmoja lisemwe naye faraghani. Mpigie, au nenda kwake.

Tatu, kazi ya kulitunza kundi isiwe ya mtu mmoja. Sasa tuna wasimamizi watatu: mmoja hukaribisha wageni na kuwaeleza taratibu, wa pili hutuma hesabu kila Jumamosi, wa tatu hupatanisha. Tangu mwaka 2022 msimamizi anaweza kuufuta ujumbe wa mwanachama yeyote. Kwetu hafuti mpaka wawili wakubaliane.

Nne, wakumbukeni wanyamavu. Wengine hawasomi kwa urahisi, wengine hawana fedha za bando kila siku. Tunawatumia ujumbe wa sauti mfupi, tunawauliza kwa majina, na jambo kubwa huamuliwa mkutanoni, si simuni.

Mama yule alirudi kundini baada ya wiki mbili. Lakini daftari amekataa kulishika tena, nasi hatuwezi kumlaumu.

Basi, mama mwenzetu, leo usiku kabla hujabonyeza kutuma, jiulize: maneno haya ningeweza kuyasema nikiwa nimeketi jikoni kwake, nikinywa chai yake? Kama sivyo, yaache yalale. Kesho huenda usiyahitaji.