Magazeti Mengi, Mwenye Mali Mmoja



Nyumbani tunajisifu kwamba magazeti na redio ni nyingi, kwa hiyo habari ziko huru. Mimi sikubali. Nauliza kwanza mwenye mali ni nani.

Mimi ni muuguzi, naishi Guangzhou. Mji huu una magazeti mengi, na yanagombania wasomaji kwelikweli. Lakini yote yako chini ya chama na serikali.

Matokeo yake yalionekana wakati wa SARS. Wagonjwa wa kwanza walipatikana mkoani hapa Novemba 2002. Umma ulikuja kuambiwa rasmi 11 Februari 2003: wagonjwa 305, vifo 5. Kisha vyombo vya habari vikabanwa tena. Machi hiyo Ye Xin, muuguzi kiongozi wa hapa mjini, akafa kwa ugonjwa alioupata akihudumia wagonjwa. Duniani walikufa watu 774, na katika kila wagonjwa watano, karibu mmoja alikuwa mhudumu wa afya.

Gazeti la Nanfang Dushi Bao lilithubutu. Aprili 2003 liliandika jinsi kijana Sun Zhigang alivyopigwa hadi kufa kizuizini Guangzhou, na mwaka huohuo utaratibu wa kuwakamata wahamiaji wasio na vibali ukafutwa. Desemba likaandika habari za mgonjwa mpya wa SARS kabla ya serikali. Mwaka 2004 mhariri wake, Cheng Yizhong, akawekwa ndani miezi mitano; meneja wake, Yu Huafeng, akafungwa kwa mashtaka ya rushwa. Mwenye mali akiwa mmoja, wa kuwatetea ukurasa wa mbele atatoka wapi?

Tusiseme hayo ni ya Wachina. Tarehe 30 Januari 2018 serikali ya Kenya ilizima Citizen, NTV na KTN siku Raila Odinga alipojiapisha. K24, iliyohusishwa na familia ya Rais Kenyatta, haikuzimwa. Mahakama Kuu iliamuru vituo virudishwe, bado vikakaa gizani siku kadhaa. Lakini tulijua vimezimwa, kwa sababu wenyewe walikuwa tofauti. Vyote vingekuwa vya familia moja, serikali isingehitaji hata kuzima.

Kwa hiyo tudai mambo matatu: kila chombo kitangaze wamiliki wake halisi, sheria iweke kikomo cha vyombo anavyomiliki mtu mmoja, na matangazo ya serikali yasiwe fimbo ya kuwachapia wahariri. Wodini anayetoa dawa hajikagui mwenyewe. Itakuwaje anayetawala ajiandikie habari?